Hiyo Tatu Haikuvuka Popote

Mdogo wangu aliniuliza swali la hesabu nikakosa jibu. Si kwamba sikujua x ni ngapi. x nilijua. Nilichokosa ni kitu kingine kabisa, na kimenisumbua hadi nimeamua kuwaandikia hii stori yote.

Yuko Gredi ya 7 hapa Karatina. Ilikuwa saa mbili usiku, kitabu kiko mezani, chai imepoa, na swali lenyewe lilikuwa hili: 2x + 3 = 11. Tafuta x.

Mimi, kama mtu aliyemaliza fomu foo, nikajifanya mkali. "Rahisi sana. Hiyo 3 unaivusha upande ule mwingine. Ikivuka inabadilisha alama, inakuwa kutoa 3. Kumi na moja kutoa tatu, nane. Nane gawa kwa mbili, nne. x ni 4. Leta lingine."

Hakuleta lingine. Aliniangalia tu. "Kwa nini inabadilisha alama?"

"Kwa sababu imevuka."

"Kwani huko ng'ambo kuna nini?"

Manze, nilinyamaza. Nilifungua mdomo nikaufunga. Nilikaa shuleni miaka kumi na miwili, nikavusha namba ng'ambo mara elfu ngapi sijui, na hakuna siku nilijiuliza huko ng'ambo kuna nini. Niliambiwa ukivuka unabadilisha alama, nikabadilisha. Ni kama ile sheria ya shosho kwamba usipige mluzi usiku. Huulizi. Unatii tu.

Basi nikamwambia vile niliambiwa na mimi: "Wewe fuata tu hiyo njia, utaelewa mbele." Akafunga kitabu. Akasema kitu ambacho nakijua vizuri kwa sababu nilikisema mwenyewe nikiwa na umri kama wake: "Mimi hesabu si yangu."

Hapo ndipo niliogopa. Huyu mtoto atamaliza junia, halafu achague njia ya sinia: STEM, sayansi za jamii, ama sanaa na michezo. Sina shida na njia yoyote kati ya hizo. Shida yangu ni mtu kuchagua akiwa anakimbia. Mimi nilikimbia. Kwenye KCSE nilipata D ya hesabu, na kuna kozi kadhaa nilizozitaka ambazo sikuziomba hata. Nilijua mlango umefungwa kabla sijabisha. Kwa miaka nimekuwa nikiwaambia watu kwamba mimi ni mtu wa sanaa. Labda ni kweli. Lakini pia labda ni kwamba hakuna mtu aliwahi kunionyesha huko ng'ambo kuna nini.

Sasa, mathe huuza nafaka. Maharagwe, ndengu, njahi, mchele wa Mwea, mahindi. Kama umewahi kufika soko la Karatina siku ya soko unajua vile kunakuwa: kupima kila mahali, huyu na gorogoro, yule na debe, mwingine na mizani ya kuning'iniza. Siku hizi mathe ana mizani ya umeme yenye namba nyekundu. Lakini chini ya kaunta bado kuna ile ya zamani aliyoanza nayo kazi, ya chuma, ya sahani mbili. Unaweka jiwe la kilo upande huu, unamwaga maharagwe upande ule mpaka zisimame sawa. Ilikuwa imekaa hapo ikishika vumbi na kufungia mlango siku za upepo.

Jumamosi nilikuwa namsaidia dukani nikaipiga teke kwa bahati mbaya. Niliinama kuiokota, nikaiona kwa mara ya kwanza kabisa. Sahani mbili na mti katikati. Nikasema, wueh. Hii ndiyo ile alama ya usawa.

Jioni niliibeba nyumbani. Mathe aliniuliza naipeleka wapi, nikamwambia naenda kufundisha hesabu. Akacheka sana.

Wacha niwaeleze tulichofanya, ili hata wewe ukitaka unaweza kurudia. Nilichukua mifuko miwili ya kaki, nikaweka kilo moja ya mahindi ndani ya kila mmoja, nikaifunga na kuandika x kwa kalamu kubwa. Yeye hakuona nikipima. Halafu nilichukua paketi za sukari za robo kilo, zile mathe hupima mapema kwa wateja wa haraka. Kila robo ni moja. Sahani ya kushoto niliweka mifuko miwili ya x na robo tatu. Sahani ya kulia niliweka robo kumi na moja. Hiyo ndiyo 2x + 3 = 11, imekaa kwa sakafu ya jikoni.

Haikusimama sawa mara ya kwanza. Nilikuwa nimejaza mfuko mmoja kupita kiasi, ikabidi niufungue na kutoa mahindi kidogo. Mdogo wangu akasema, "Kwa hivyo hizo x lazima zilingane." Nikasema ndiyo. Ndani yangu nikafikiria: huo ni ukweli ambao nilisoma miaka yote bila kuutamka. Ukiandika 2x unasema kwamba kuna vitu viwili, na ni sawasawa kabisa, hata kama hujui ndani kuna nini.

"Sasa nataka kujua mfuko mmoja una robo ngapi," nikamwambia. "Na huruhusiwi kufungua."

Alifikiria kidogo. Akatoa zile robo tatu za kushoto, kwa sababu zilikuwa zinamzuia kuona mifuko peke yake. Sahani ya kulia ikaanguka, paa! Sukari karibu imwagike. Aliruka nyuma. Halafu, bila mimi kusema neno, akanyoosha mkono upande wa kulia, akatoa robo moja, ya pili, ya tatu. Mizani ikapanda polepole, ikatikisika, ikatulia.

Akakaa akiiangalia. Halafu akasema:

"Hiyo tatu haikuvuka popote. Imetolewa huku, ikatolewa na kule."

Wasee, nilihisi nywele zikisimama. Huyo mtoto alikuwa amenijibu swali lake mwenyewe. Huko ng'ambo hakuna kitu. Hakuna mto, hakuna daraja, hakuna namba inayobadilisha nguo katikati ya safari. Kuna kitendo kimoja, kinafanywa pande zote mbili, basi. Ile "kutoa 3" inayoonekana upande wa kulia si ile 3 ya kushoto ikiwa imejigeuza. Ni wewe ukitoa tatu kule kwa sababu umetoa tatu huku, na hutaki mizani ianguke.

Kilichobaki kilikuwa rahisi. Mifuko miwili, robo nane. Aligawa sukari mafungu mawili, fungu moja kwa kila mfuko. Nne. Tukafungua mfuko na kuupima kwa robo nne. Sawa kabisa. Akapiga makofi kama mtu ameshinda kitu.

Mathe alikuwa mlangoni amesimama na leso yake, anatuangalia. Nilidhani atalalamika kuhusu sukari. Badala yake alisema jambo ambalo nimelifikiria kuliko kitu chochote nilichowahi kuambiwa darasani. Alisema, "Mizani ikiinama, kuna mtu ameibiwa."

Yeye alimaanisha biashara. Mizani ya duka inafaa kukaguliwa na kupigwa muhuri na watu wa serikali wa vipimo. Na kila mtu sokoni anajua hadithi ya mwenye jiwe lililochongwa chini, ama sahani iliyopachikwa kitu kwa upande wa chini. Mkulima anajua, mteja anajua. Lakini fikiria tena lile neno kwa upande wa hesabu. Kila hatua ya mlinganyo ni swali la haki: nimefanya upande huu, je, na upande ule nimeufanyia vile vile? Kama la, kuna upande umeibiwa, na jibu lako litakuwa la wizi. Hata mtoto wa nasari anaelewa haki ya aina hiyo. Mpe nduguye mandazi mawili na yeye moja uone.

Baada ya hapo nilianza kusoma, kwa sababu niliona aibu. Nilitaka kujua hii kitu ya x ilitoka wapi. Nikapata kwamba neno aljebra linatoka kwa kichwa cha kitabu kilichoandikwa Baghdad katika karne ya 9 na mtu anayeitwa al-Khwarizmi. Kwa kichwa hicho kulikuwa na maneno mawili: al-jabr na al-muqabala. Al-jabr ni kurudisha kilichopungua: kama upande mmoja umepunguzwa kitu, unakirudisha, na upande wa pili unaongeza hicho hicho. Kwa Kiarabu neno hilo hilo lilitumika kwa kuunga mfupa uliovunjika. Al-muqabala ni kuweka pande mbili uso kwa uso na kuondoa kinacholingana. Na hapo ndipo nilisimama, kwa sababu hilo neno sisi tunalo. Mkabala. Tunasema duka liko mkabala na steji ya matatu. Pande mbili zinatazamana. Kile mdogo wangu alifanya kwa sukari, kutoa tatu huku na tatu kule, ndiyo muqabala yenyewe.

Kitu kingine kilichonishangaza: kitabu hicho hakina x. Hakina hata alama ya kujumlisha. Yote yameandikwa kwa maneno, na kile kisichojulikana anakiita "kitu" tu. Kitu na kitu kingine kama hicho, ukiongeza tatu, ni kumi na moja. Na alisema wazi kwamba anaandika kwa ajili ya watu wanaogawana urithi, wanaofanya biashara, wanaopima ardhi na kuchimba mifereji. Yaani watu wa soko. Watu wa shamba. Watu kama sisi hapa, wanaogombania mipaka na kugawana ekari za guka.

Ile alama ya = yenyewe ilikuja baadaye sana, mwaka wa 1557, kwa kitabu cha Robert Recorde, mtu wa Wales. Alichoka kuandika "ni sawa na" kila mara, akachora mistari miwili inayokwenda sambamba, akisema hakuna vitu viwili vinavyoweza kuwa sawa kuliko hivyo. Kumbe hata hiyo ni picha! Ni mchoro wa usawa. Sisi tunaiona tangu darasa la kwanza, 4 + 5 = na kinafasi, na tunajifunza kwamba maana yake ni "andika jibu hapa". Kama kile kitufe cha kikokotoo. Halafu siku moja mwalimu anaandika 2x + 3 = 11, na jibu tayari liko upande wa kulia, na wewe unashangaa sasa unaulizwa nini. Nafikiri watu wengi walipotelea hapo. Si kwenye x. Kwenye hiyo mistari miwili.

Sasa najua kuna mtu anasoma hii akisema, "Poa, lakini utabeba mizani kwa mtihani?" Binamu yangu aliniuliza hivyo hivyo. Aliingia akatukuta sakafuni na sukari, akasema hiyo ni ya watoto wadogo, sisi tulisoma bila hizo vitu na tukapita. Nikamuuliza, "Ulipita?" Akaenda kuangalia mpira.

Lakini swali lake ni la haki, na nitalijibu kwa kweli kabisa, pamoja na mahali ambapo mizani ilinishinda.

Siku ya tatu mdogo wangu alikuja na swali hili: x + 5 = 2. Aliweka mfuko na robo tano kushoto, robo mbili kulia, halafu akaganda. Kwanza haikuwezekana hata kusimama sawa, kwa sababu upande wa kushoto tayari umezidi. "Nitoe tano huku, lakini kule ziko mbili tu. Nitatoa tatu wapi?" Mizani haina jibu. Hakuna mfuko wa mahindi wenye uzito chini ya sufuri. Hapo ndipo watu wengi huacha vitu na kurudi kwa "wewe vusha tu".

Nilikaa na hilo swali usiku mzima. Nikaona kwenye intaneti kwamba kuna walimu hutumia vipande vya rangi mbili, rangi moja ya kuongeza na nyingine ya kupunguza. Sisi hatuna hivyo vipande, lakini tuna vifuniko vya soda, na nyuma ya hoteli yoyote hapa mjini unaviokota bure. Tukakubaliana: kifuniko kikilala na rangi juu ni shilingi unayo. Kikigeuzwa, kile kibati cha ndani kikiangalia juu, ni shilingi ya deni. Shilingi moja na deni la shilingi moja zikikutana zinaisha, unaziondoa mezani zote mbili.

Kuhusu deni sikuhitaji kumfundisha. Huyu ni mtoto amekua akimwona mathe akitumiwa pesa kwa simu, na Fuliza inameza kwanza. Una deni la 500, unatumiwa 200, bado huna kitu: una deni la 300. Anajua namba hasi tangu kitambo, ni vile tu hakuna mtu alimwambia kwamba hizo ndizo namba hasi.

Basi akachora mstari katikati ya meza. Kushoto, kikombe kilichofunikwa, hicho ndicho x, na vifuniko vitano rangi juu. Kulia, vifuniko viwili rangi juu. Akaongeza vifuniko vitano vya deni pande zote mbili. Zingatia: pande zote mbili. Kushoto, tano na deni tano zikaisha, kikabaki kikombe peke yake. Kulia, mbili zikaisha na deni mbili, zikabaki deni tatu. x ni kutoa 3. Akajaribu kurudisha: deni tatu, mtu akitumiwa tano, anabaki na mbili. Ndiyo.

Kwa hivyo hakuna kitu kimoja kinachoonyesha kila kitu. Mizani ni nzuri kwa kuonyesha usawa, vifuniko ni vizuri kwa deni. Ukimlazimisha mtoto akae na mizani peke yake, utampoteza kwenye namba hasi. Hiyo nakubali.

Halafu ikaja yangu. Alileta swali la x gawa kwa 4 ni sawa na 3. Hilo swali nalikumbuka vizuri sana. Nikiwa fomu wani, nililipata kwa jaribio. Nikavusha ile 4 na kubadilisha alama kama nilivyofundishwa, nikaandika x = 3 - 4, x ni kutoa 1. Nilipata sufuri, karatasi ikasomwa mbele ya darasa, watu wakacheka, na tangu siku hiyo nilikaa nyuma. Sheria niliyopewa ilisema ukivuka unabadilisha alama. Nilibadilisha. Hakuna mtu aliniambia kosa langu lilikuwa nini, isipokuwa kwamba nimekosa.

Mdogo wangu hakuvusha chochote. Alisema, "Hii ni robo ya x. Kama robo ya chapati." Akachora duara, akaligawa mara nne, akaweka vifuniko vitatu kwenye kipande kimoja. "Vipande vingine lazima viwe na tatu tatu pia." Akajaza. Kumi na mbili. Kisha akaandika: nimezidisha huku mara nne, nimezidisha na kule mara nne.

Niliondoka nikaenda nje kidogo. Kulikuwa na baridi ile ya Julai ya huku kwetu, mlima haukuonekana kwa ukungu. Nilisimama hapo nikifikiria yule mtoto wa fomu wani aliyekuwa mimi. Hakuwa mjinga. Alifuata sheria aliyopewa vizuri kupita kiasi.

Sitaki kuwatupia walimu lawama rahisi. Jirani yetu ni mwalimu mstaafu, alifundisha hesabu shule za sekondari miaka mingi. Nilimsimulia kuhusu sukari, akacheka akasema hicho si kitu kigeni. Akanikumbusha SMASSE, ule mradi wa kuimarisha hesabu na sayansi kwa sekondari, ulioanza 1998 serikali ikishirikiana na Wajapani wa JICA. Walimu waliitwa mafunzo wakati wa likizo, wakaambiwa: mwanafunzi ashike, afanye, ajaribu, na kama huna vifaa buni na vilivyo karibu. Mbegu, kamba, chupa, maboksi. Kwa hivyo robo karne hivi kabla mimi nijidai nimegundua kitu, walimu wa nchi hii walikuwa wanaambiwa wafanye hivi.

"Mbona basi haikunifikia?" nikamuuliza.

Akanionyesha kwa vidole. Darasa la watoto sitini. Kipindi dakika arobaini. Silabasi lazima iishe kabla ya moku. Na mtihani haukuulizi kwa nini, unauliza x ni ngapi. "Mtoto mmoja na mizani moja jikoni ni rahisi," akasema. "Sitini ni vita." Hapo alinishika. Ni kweli. Lakini vifuniko vya soda vya watoto sitini ni gunia moja tu, na haligharimu kitu. Na dakika ishirini za kuelewa mara moja zinaokoa miaka minne ya kuvusha namba gizani. Huo ndio msimamo wangu, na sitoki hapo.

Sasa nijibu ile ya binamu, ya kubeba mizani kwa mtihani. Wiki ya kwanza mdogo wangu alitumia vitu. Wiki ya pili alisema kubeba sukari ni kazi, akaanza kuchora mizani kwa daftari: mstari, sahani mbili, maboksi ya x, nukta za namba. Alikuwa akikata nukta huku na kule kwa kalamu. Wiki ya tatu nilimwambia achore nione, akaniambia, "Sitaki mchoro, unanichelewesha." Akaandika namba na herufi moja kwa moja, mstari juu ya mstari, na pembeni ya kila mstari amefanya kitendo kile kile pande zote mbili.

Sikumwambia aache. Aliacha mwenyewe, kama vile mtoto anayejifunza kutembea huachilia ukuta. Huwezi kumwambia mtoto asishike ukuta eti kwa sababu watu wazima hawashiki. Na pia huwezi kuogopa kwamba atashika ukuta maisha yake yote. Kuna mwanasaikolojia Mmarekani, Jerome Bruner, aliyeandika kuhusu haya miaka ya 1960: kwanza unafanya kwa mikono, kisha unaona kwa picha, kisha unatumia alama. Shida ya shule yangu ilikuwa kwamba tulianza na ya tatu, halafu tukaambiwa ambaye haelewi hana akili.

Alifanya jaribio mwezi uliopita. Alipata 31 kwa 50. Si maajabu, na sitawadanganya kwamba sasa ni jiniasi. Alipoteza alama kwenye sehemu, na kuna swali moja aliliruka kabisa. Lakini maswali yote ya milinganyo alipata, na hajasema tena kwamba hesabu si yake.

Ila si alama zilizonifurahisha. Juzi alirudi nyumbani akaniambia kwamba mwenzake wa dawati alikwama kwenye 3x + 2 = 14, na madam alikuwa ametoka. Nikamuuliza ulimsaidia aje, ulimwambia avushe? Akaniangalia kama mtu aliyenikosea heshima akiwa hana nia.

"Nilichukua rula, nikaiweka juu ya rababu, isimame sawa. Upande huu nikaweka vifuniko vya kalamu vitatu na vipande viwili vya chaki."

"Ikasimama?"

"Haikusimama, ilianguka chini. Lakini alielewa."

Ukiwa na mdogo wako nyumbani anayelia na x, usimwambie avushe. Tafuta vifuniko, tafuta kikombe, chora mstari katikati ya meza. Ukikwama kwenye deni, kumbuka Fuliza. Na kama wewe mwenyewe ulikaa nyuma ya darasa tangu fomu wani kama mimi, hiyo meza ina nafasi yako pia. Mimi nilijifunza nikiwa mtu mzima, sakafuni, nikiwa na sukari kwa magoti.

Mizani bado iko jikoni. Mathe ameacha kuiulizia.